Nani atangulie kwenye kiti cha mkuu wa shule?

India imebishana kwa zaidi ya miaka 30 juu ya mgawo wa vyeo na ukongwe kazini. Walimu wake wamelipia gharama, na yapo ya kujifunza Dodoma na Nairobi.

Katika ofisi za elimu za India hakuna karatasi inayosomwa kwa macho makali kama orodha ya ukongwe wa walimu. Ina safu chache tu: namba, jina, tarehe ya kuzaliwa, tarehe ya kuajiriwa, tarehe ya kupanda cheo cha sasa. Kati ya hizo ipo safu nyembamba yenye herufi mbili au tatu. SC ni watu wa Tabaka Zilizoorodheshwa, yaani Wadalit, ambao kwa karne nyingi walihesabiwa najisi, hawaguswi wala hawakaribiwi. ST ni Makabila Yaliyoorodheshwa, wengi wao watu wa misituni na milimani wanaojulikana kama Adivasi. OBC ni tabaka nyingine zilizoachwa nyuma. UR ni asiye na mgawo wowote.

Orodha hiyo hutoka kwanza kama rasimu, na walimu hupewa muda wa kuweka pingamizi. Huyu analalamika kwamba jina lake limewekwa chini ya mtu aliyeajiriwa baada yake. Yule anasema tarehe yake imekosewa. Lakini mvutano mkali zaidi huzuka pale tarehe na herufi zinapokataa kupatana: mwalimu aliyeanza kazi nyuma anaonekana mbele, kwa kuwa alipanda kupitia nafasi iliyotengwa kwa ajili ya jamii yake.

Basi ikifunguka nafasi ya juu zaidi, isiyotengewa mtu, apande tena yeye kabla ya wenzake waliomtangulia kuajiriwa? Swali hilo, ambalo ukilisikia ofisini unaweza kudhani karani atalimaliza kabla ya saa ya chai, limezaa hukumu ya majaji tisa, marekebisho manne ya Katiba na mlolongo wa kesi ambao haujakatika hadi leo.

Wanaobishana huliweka jambo hili kama vita kati ya haki na upendeleo, kila upande ukijiita haki. Ukweli ni kwamba mgawo na ukongwe vyote ni kanuni zilizotungwa na serikali kwa sababu zinazoeleweka, na vyote vinaweza kukaa chini ya paa moja. Kilichowaumiza walimu wa India, wa mgawo na wasio wa mgawo, ni serikali kukwepa kufanya hesabu mapema, kisha kubadilisha jibu watu wakiwa wamekwisha kukalia viti.

Mtungi wa maji katika ofisi ya walimu

Anayetaka kujua kwa nini nafasi zilitengwa aanze na shule yenyewe. Bhimrao Ambedkar, Mdalit aliyekuja kuongoza kamati iliyoandika rasimu ya Katiba ya India, alisoma akikaa juu ya gunia alilolibeba kutoka nyumbani, mbali na watoto wengine. Hakuruhusiwa kugusa bomba la maji. Tarishi wa shule asipokuwepo kumfungulia, alishinda na kiu. Alipokua akasoma Chuo Kikuu cha Columbia, Marekani, na baadaye London, na mwaka 1918 aliajiriwa kufundisha katika Chuo cha Sydenham, Bombay. Inasimuliwa kwamba hata huko baadhi ya wahadhiri wenzake hawakutaka achangie nao mtungi wa maji ya kunywa.

Maisha ya mtu huyo mmoja yanaonyesha kwa nini nafasi za kuingilia kazini hazikutosha. Ukimwingiza Mdalit katika ualimu na kumwacha daraja la chini hadi anapostaafu, wanaomwandikia taarifa ya siri ya mwaka, wanaompangia vipindi na wanaopendekeza nani apande wataendelea kuwa wale wale waliomtenga. Wenye madaraka wote wakitoka tabaka za juu, tarehe ya kuajiriwa haimlindi mtu.

Katiba iliyoanza kutumika 26 Januari 1950 iliweka mambo mawili katika Ibara ya 16. Kwanza, kila raia ana fursa sawa katika ajira ya serikali. Pili, serikali inaweza kutenga nafasi kwa jamii zilizo nyuma ambazo haziwakilishwi vya kutosha katika utumishi. Ibara ya 335 ikaongeza kwamba madai ya SC na ST yazingatiwe bila kuathiri ufanisi wa utawala. Ambedkar mwenyewe, akizungumza katika Bunge la Katiba mwezi Novemba 1948, alionya kwamba nafasi zinazotengwa lazima ziwe sehemu ndogo ya nafasi zote, ama sivyo usawa uliotangazwa mwanzoni utamezwa.

Serikali Kuu hutenga asilimia 15 kwa SC na 7.5 kwa ST. Miaka ya 1990 OBC walipata 27, na mwaka 2019 ikaongezwa asilimia 10 kwa maskini wa jamii zisizo na mgawo. Lakini hayo ni mambo ya kuingia kazini. Katika kupanda cheo, kati ya makundi hayo Serikali Kuu hutenga kwa SC na ST peke yao. Kwa kulinganisha, sensa ya 2011 ilihesabu SC kuwa asilimia 16.6 ya Wahindi wote, na ST 8.6.

Kwa nini kiti cha saba

Asilimia haipandishi mtu cheo. Kinachompandisha ni jedwali. Hapa inafaa kutazama kwa karibu, maana ndipo ugomvi mwingi unapoanzia.

Chukua kada ya wakuu wa shule wanaopatikana kwa kupandishwa. Asilimia 15 ni sawa na kiti kimoja katika kila viti 6.67. Kiti hakikatwi vipande, kwa hiyo hesabu husubiri itimie, na kiti cha 7 kinakuwa cha SC. ST wana asilimia 7.5, yaani kiti kimoja katika kila 13.33, hivyo wanapata cha 14. SC wa pili naye alistahili hapo hapo kwenye 14. Kwa kuwa pameshikwa, anasogezwa hadi 15. Kisha SC wanapata cha 20 na cha 27, na ST wa pili anapata cha 28. Katika viti 28 vya mwanzo, sita vimetengwa na 22 viko wazi kwa ukongwe au ushindani wa kawaida.

Zamani jedwali hilo lilizunguka bila kusimama. Kila aliyestaafu alizibwa kwa zamu iliyofuata, hata kama jamii husika ilikwisha kufikia kiwango chake. Mwaka 1995, katika kesi ya R. K. Sabharwal dhidi ya Jimbo la Punjab, Mahakama ya Juu ilisema hapana: jedwali litumike kujaza viti hadi vitimie, kisha kila kiti kiwe na mwenyewe. Aliyekalia kiti cha 7 akistaafu, atafutwe SC mwingine. Akistaafu wa kiti cha 8, kirudi kwa wote. Waraka wa Serikali Kuu wa 2 Julai 1997 ukaifanya hiyo kuwa kanuni ya kazi.

Huo ni mfano wa mgawo uliopigiwa hesabu vizuri. Mwalimu yeyote mwenye kalamu anaweza kulisoma jedwali na kujua kiti kipi ni cha nani, na fundo likabaki kwenye jambo jingine.

Kiti kinakuja na foleni yake?

Tuseme walimu wawili wanaajiriwa mwaka mmoja. Wa kwanza hana mgawo na anashika namba 40 katika orodha ya ukongwe. Wa pili ni Mdalit, namba 90. Kiti cha 7 cha daraja la juu kinafunguka na kumwendea yule wa namba 90. Mwenzake anasubiri miaka minne ndipo naye anapanda. Sasa wote wawili wako daraja moja, na inatangazwa nafasi ya makamu mkuu wa shule ambayo haijatengewa mtu. Itolewe kwa ukongwe. Mkongwe ni nani?

Ukihesabu miaka katika daraja la sasa, wa pili ametangulia kwa miaka minne. Ukirudi kwenye orodha ya kwanza, wa kwanza yuko mbele kwa namba 50. Kila mmoja ana karatasi mkononi, na hakuna anayesema uongo.

Hali hiyo ilifika mahakamani kutoka shirika la reli, si shuleni, lakini walimu wa India wanaijua vizuri kwa kuwa iliamua maisha yao pia. Katika kesi ya Virpal Singh Chauhan, walinzi wa treni walipanda ngazi moja baada ya nyingine, na kwenye ngazi ya juu kulikuwa na nafasi 11. Watu 33 walioitwa kushindania nafasi hizo wote walikuwa SC na ST. Hakuna hata mmoja kutoka kundi la kawaida, kwa sababu waliopanda mapema kwa mgawo walikuwa wamehesabiwa wakongwe katika kila ngazi. Tarehe 10 Oktoba 1995 Mahakama ya Juu iliweka kanuni ya kufikiana: mwenzake aliyekuwa mbele akipanda na kumfikia katika daraja moja, anarudishiwa nafasi yake ya mbele. Mgawo ukampa mtu kiti, lakini haukumpa foleni.

Bunge halikuridhika. Tayari lilikuwa limepambana na Mahakama mara moja. Tarehe 16 Novemba 1992, katika kesi ya Indra Sawhney, majaji tisa walikubali mgawo katika kuajiri, wakauwekea ukomo wa asilimia 50, lakini wakakataa mgawo katika kupandisha vyeo na kutoa miaka mitano utaratibu uliokuwepo umalizike. Mwaka 1995 Bunge likajibu kwa Marekebisho ya 77, yaliyorudisha mgawo wa vyeo kwa SC na ST. Kanuni ya kufikiana ilipothibitishwa tena na majaji watano mwezi Septemba 1999, Bunge likaja na Marekebisho ya 85: aliyepanda kwa mgawo abaki na ukongwe aliouvuna huko juu. Na kanuni hiyo ihesabiwe kuanzia 17 Juni 1995.

Tarehe hiyo ya kurudi nyuma ndiyo iliyovuruga mambo. Mtu aliyepandishwa mwaka 1999 kwa kanuni halali ya siku hiyo alijikuta mwaka 2002 akiambiwa kwamba kanuni ile haikuwapo tangu mwaka 1995. Orodha zilizokwisha kubandikwa, kupingwa na kusainiwa zikafumuliwa. Walimu waliokuwa wakiulizana nani anafaa kuongoza shule wakaanza kuulizana hukumu ipi bado ina nguvu.

Fagio na chaki katika hesabu moja

Mahakama iliyakubali marekebisho hayo tarehe 19 Oktoba 2006, katika kesi ya M. Nagaraj, lakini ikayafunga kwa masharti. Jimbo linalotaka kutenga vyeo likusanye takwimu zinazoonyesha kwamba jamii husika iko nyuma, kwamba haiwakilishwi vya kutosha, na kwamba ufanisi hautadhurika. Kwa maneno mengine, serikali iliambiwa ifanye kazi ya nyumbani.

Majimbo mengi hayakuifanya. Uttar Pradesh, jimbo lenye watu wengi kuliko yote, liliendelea kupandisha bila takwimu, na tarehe 27 Aprili 2012 Mahakama ya Juu ikafuta utaratibu wake. Watumishi waliopandishwa kwa mgawo kati ya Juni 1997 na Aprili 2012 wakaanza kushushwa vyeo. Hebu fikiria mtu aliyeongoza idara kwa miaka kumi anarudishwa dawati alilolihama, chini ya aliyekuwa msaidizi wake.

Karnataka nayo ilifutiwa sheria yake mwezi Februari 2017, lakini hatua iliyofuata ilikuwa ya tofauti. Jimbo liliunda kamati chini ya katibu mkuu wake wa ziada, Ratna Prabha, ikahesabu watumishi idara kwa idara, na sheria mpya ikatungwa juu ya hesabu hizo. Tarehe 10 Mei 2019 Mahakama ya Juu iliipitisha. Jimbo lile lile, mgawo ule ule; kilichobadilika ni kwamba safari hii hesabu ilikuwepo mezani.

Mwaka 2018, katika kesi ya Jarnail Singh, Mahakama iliondoa sharti la kuthibitisha kwamba SC na ST wako nyuma, kwa kuwa kuorodheshwa kwao katika Katiba ni uthibitisho tosha. Tarehe 28 Januari 2022, katika kesi hiyo hiyo, ikasema takwimu za uwakilishi zihesabiwe kada kwa kada, si kwa utumishi mzima.

Uamuzi huo wa mwisho unaweza kuonekana wa kiofisi tu, lakini kwa shule ndio wenye uzito mkubwa. Katika ajira za serikali za India, Wadalit wamekuwa wengi miongoni mwa wafagiaji na wahudumu. Ukijumlisha anayeshika fagio, anayeshika chaki na anayeshika muhuri wa shule, unaweza kupata asilimia 15 safi na kutangaza kwamba uwakilishi umetimia, hali kiti cha mkuu wa shule hakijawahi kukaliwa na Mdalit. Ukihesabu kada ya wakuu peke yake, hakuna pa kujificha. Na hesabu hiyo hiyo inamlinda mwalimu asiye na mgawo: kada ikishatimia, serikali haina kisingizio cha kuendelea kutenga.

Ukongwe nao una mapengo yake

Watetezi wa ukongwe husema tarehe haina tabaka. Ni hoja yenye nguvu. Mkubwa hawezi kuibadilisha tarehe ya kuajiriwa kwa chuki wala kwa bahasha, na hiyo ndiyo sababu vyama vya walimu dunia nzima vinaipenda. Mwalimu wa kijijini asiye na mjomba wizarani ana tarehe yake.

Lakini tarehe nayo hutengenezwa. Nafasi za SC na ST mara nyingi zilibaki wazi miaka kadhaa, ndiyo maana Marekebisho ya 81 ya mwaka 2000 yaliruhusu viporo hivyo vijazwe mbali na ukomo wa asilimia 50. Mtu aliyeajiriwa mwaka wa nne kwa kuwa ofisi ilichelewa kutangaza nafasi yake anabeba uchelewaji wa ofisi hadi anapostaafu. Kadhalika, kwa kanuni ya kawaida ya utumishi nchini humo, anayeomba mwenyewe uhamisho kwenda wilaya au kanda nyingine huanza upya mkiani mwa orodha ya huko. Wanaoomba sana uhamisho wa namna hiyo ni wanawake wanaofuata waume au wanaorudi kuuguza wazazi. Mwalimu wa miaka 15 darasani anaweza kuwa mdogo kwa kijana wa miaka mitatu.

Wala ukongwe haupimi kama mtu anaweza kuongoza shule. Tarehe 1 Septemba 2025 Mahakama ya Juu iliongeza kipimo kingine kabisa: mwalimu wa elimu ya msingi anayetaka kupanda cheo lazima awe amefaulu mtihani wa ustahiki wa ualimu, TET, hata kama aliajiriwa kabla mtihani huo haujaanzishwa. Waliobakiza zaidi ya miaka mitano kustaafu walipewa miaka miwili kuufaulu. Mwenye mgawo na mwenye ukongwe wakajikuta chumba kimoja cha mtihani, wote na mvi zao.

Kuhusu hofu kwamba mgawo unaangusha kazi, upo utafiti wa kuangaliwa. Wachumi Ashwini Deshpande na Thomas Weisskopf walichambua takwimu za Shirika la Reli la India za 1980 hadi 2002 na kuchapisha matokeo mwaka 2014. Hawakuona dalili kwamba ongezeko la watumishi wa SC na ST lilipunguza tija; katika ngazi za juu za uongozi kulikuwa na dalili za tija kupanda. Reli si shule, lakini ndiyo mwajiri mkubwa aliyewahi kupimwa hivyo nchini humo.

Shule inamsubiri hakimu

Anayesahaulika katika mabishano haya ni mtoto aliye darasani. Kesi ikifunguliwa, mahakama huamuru hali ibaki kama ilivyo. Nafasi haijazwi, na mwalimu mmoja huambiwa akaimu. Kaimu hana nguvu ya kuadhibu wala ya kupanga. Anajua wiki ijayo anaweza kurudi kwenye ofisi ya walimu kukaa na wale aliowaonya.

Mwezi Agosti 2017 Mahakama Kuu ya Delhi ilifuta waraka ambao Serikali Kuu iliutumia kuendeleza mgawo katika vyeo. Upandishaji uliokwisha kuyumba tangu mwaka uliotangulia ukakwama, mpaka Mahakama ya Juu iliporuhusu uendelee kwa mujibu wa sheria tarehe 5 Juni 2018. Watumishi walifikia umri wa kustaafu wakiwa na barua zilizokwama njiani, wa mgawo na wasio wa mgawo sawasawa.

Viti vitupu vina sababu nyingi, na si zote za mgawo. Aprili 2022 Tume ya Taifa ya Ulinzi wa Haki za Watoto iliitaka serikali ya Delhi ieleze kwa nini kati ya shule zake 1,027 ni 203 tu zilizokuwa na mkuu au kaimu wake. Pale palikuwa na mvutano wa muda mrefu kati ya serikali ya jiji na Serikali Kuu juu ya nani mwenye mamlaka ya ajira. Hata hivyo takwimu hiyo inatosha kuonyesha uamuzi unaochelewa unamwangukia nani: shule nne kati ya tano katika mji mkuu wa taifa zilikuwa hazina mwenye ofisi.

Na huku kwetu

Afrika Mashariki hatuna tabaka za kuzaliwa za namna ya India, lakini mgongano wa foleni na mgawo tunaujua. Tanganyika ilipopata uhuru mwaka 1961, Waafrika walipewa kipaumbele katika ajira na vyeo serikalini, na baadhi ya Wahindi na Wazungu wenye miaka mingi kazini wakapitwa. Januari 1964 Mwalimu Julius Nyerere alitangaza mwisho wa utaratibu huo, akisema raia wote wahesabiwe sawa bila kujali rangi. Mgawo ule ulikuwa na mwanzo na ulikuwa na mwisho uliotamkwa. India haijawahi kutamka wa kwake katika vyeo.

Tanzania ya sasa haitengi madaraja ya walimu kwa kabila wala dini. Tunabishania tange, yaani orodha ya ukongwe wa watumishi, na muundo wa utumishi. Lakini walimu wanaukumbuka mwaka 2016, uhakiki wa watumishi uliposimamisha upandishaji madaraja, na mkanganyiko uliofuata: walioajiriwa pamoja wakajikuta madaraja tofauti, na wengine wakastaafu kabla hawajafikia walipostahili. Serikali ilipokuja na madaraja ya mserereko, kuwavusha waliochelewa hadi walipo wenzao, ilikuwa inajibu swali lile lile la kufikiana, ila bila tabaka ndani yake. Na manung'uniko yalikuwa yale yale: tarehe ipi ihesabiwe?

Kenya iko karibu zaidi na mjadala wa India. Katiba yake ya 2010, Ibara ya 232, inataka ushindani wa haki na sifa viwe msingi wa ajira na vyeo, kisha papo hapo inauweka msingi huo chini ya uwakilishi wa jamii mbalimbali na fursa sawa kwa wanaume, wanawake, makabila yote na watu wenye ulemavu. Sheria ya Uwiano na Utangamano wa Kitaifa ya 2008 inakataza kabila moja kuzidi theluthi ya watumishi wa taasisi ya umma. Mwaka 2025 Tume ya Utumishi wa Walimu ilipopandisha walimu 25,252, wabunge waliibana wakiuliza nafasi ziligawanywaje kati ya kaunti zenye walimu wengi na zenye wachache. Kaunti kubwa zililalamika kwamba walimu wao waliokaa daraja moja miaka kumi wamepitwa. Kaunti kame zikasema bila kulegezewa masharti hazitapata wakuu wa shule wa kwao. Pande zote mbili zilikuwa na hoja, na wala hakukuwa na kanuni moja iliyotangazwa mapema ambayo mwalimu angeishika mkononi na kuipigia hesabu yake.

Miaka ilipwe, kiti kigawiwe

Katika mambo yote ambayo India imejaribu, lipo moja linalozungumzwa kidogo kwa sababu halina kesi kubwa. Ni kutenganisha mshahara na kiti. Tangu mwaka 1999 watumishi wa Serikali Kuu walipewa nyongeza ya ngazi ya mshahara baada ya miaka 12 na 24 hata bila kupanda cheo. Kuanzia 1 Septemba 2008 ikawa kila baada ya miaka 10, 20 na 30. Walimu wa Serikali Kuu wana utaratibu wao wa ngazi ya mwandamizi na ngazi ya uteuzi, unaoendana na miaka darasani. Mwalimu anaweza kulipwa kama mkongwe na kubaki kuwa mwalimu.

Utaratibu huo unalegeza fundo lenyewe. Wengi wanaopigania ukuu wa shule hawana haja na ukuu. Wana haja na mshahara, pensheni na heshima ya kutambuliwa kwamba wametumika. Hayo ni deni la miaka, na deni la miaka lilipwe kwa miaka, bila kumsubiri mtu astaafu au afe. Kiti cha mkuu wa shule ni jambo jingine. Ni kazi, tena ngumu, na jamii ina haki ya kutaka kwamba wanaoishika wafanane na watoto waliopangwa mstarini asubuhi, mradi kila anayekikalia, wa mgawo au wa ukongwe, awe amefunzwa uongozi na kufaulu kipimo kimoja.

Hayo yakishatengana, masharti yaliyobaki ni ya ofisi, na yanatekelezeka. Wahesabiwe watu kada kwa kada kila mwaka na hesabu itangazwe. Iamuliwe kabla, na kwa maandishi, kama anayepanda kwa nafasi iliyotengwa anapanda na ukongwe wake au la. India imeishi na majibu yote mawili, na maafa yalitokana na kuyabadilishana. Kanuni mpya ianzie kesho, isirudi nyuma kumvua mtu cheo alichokipata kihalali. Anayedhurika na marekebisho apewe nafasi ya ziada itakayofutwa atakapostaafu, badala ya kushushwa mbele ya aliokuwa akiwaongoza. Na mgawo wowote uandikwe pamoja na kipimo cha kuumaliza: kada ikitimia, unasimama.

Kwa Nairobi na Dodoma, mahali pa kuanzia ni bajeti. Serikali ikishindwa kulipa miaka ya mwalimu kwa wakati, kila nafasi ya ukuu itabaki kuwa mlango pekee wa kupata mshahara bora, na kila mgawo, uwe wa kaunti, jinsia au ulemavu, utaonekana kama wizi mbele ya aliyesubiri. Miaka ya watu ikilipwa kwanza, majadiliano juu ya nani aongoze shule yatakuwa, hatimaye, majadiliano juu ya shule.